Nani Atangulie Kupiga Hodi

Kati ya nyumba ya balozi wa Waingereza na nyumba ya balozi wa Warusi mjini Erzurum palikuwa na kichochoro chembamba, punda wawili wenye mizigo hawakuweza kupishana humo. Mtu akipiga chafya upande huu, wa upande wa pili angeweza kumwombea afya bila kupaza sauti. Lakini tangu Bi Honoria Pelling aje kukaa katika mji ule pamoja na mumewe, na sasa ulikuwa msimu wake wa pili wa theluji, hakuwa amekanyaga ng'ambo ya kichochoro, wala wa ng'ambo hawakuwa wamekanyaga kwake.

Sababu yenyewe ukiisikia utacheka, kisha utakasirika. Kwa desturi ya Waingereza, mgeni akihamia mahali hutulia nyumbani akingoja wenyeji waje kumjulia hali. Kwa desturi ya Warusi, mgeni ndiye huenda kujitambulisha kwa wenyeji. Warusi walikuwa wametangulia kufika. Basi Bi Honoria alikaa sebuleni na gauni lake zuri akimngoja mke wa balozi wa Urusi, na mke wa balozi wa Urusi alikaa sebuleni kwake na gauni lake zuri akimngoja Bi Honoria. Wiki zikapita, miezi ikapita. Wanawake wawili ambao katika mji mzima hawakuwa na mwingine wa kuzungumza naye Kifaransa wakawa wanapishana njiani kama vipofu. Bwana Ambrose Pelling aliwaandikia wakubwa wake kuwauliza afanyeje. Jibu lilifika barafu ilipoyeyuka: asitangulie. Hapo jambo la wanawake wawili kunywa chai likawa jambo la serikali mbili.

Kisha Dora akaugua.

Alikuwa mtoto wa pekee wa akina Pelling, mwenye umri wa miaka mitano. Ugonjwa ulianza kama mafua tu, ukashuka kooni. Adhuhuri moja, theluji ikimwagika nje, Takuhi, yaya wa Kiarmenia aliyekuwa akimlea, alimbeba hadi dirishani penye mwanga, akamfungua kinywa, akaangalia, akakifunga polepole.

"Bibi, njoo uone mwenyewe."

Honoria aliona utando wa kijivu umetanda nyuma ya ulimi. Hakuhitaji kuambiwa. Dondakoo lilikuwa limemchukua mdogo wake mwenyewe walipokuwa watoto, na ile sauti ya pumzi, kama mtu anayekwangua ukoko wa sufuria, hakuwahi kuisahau.

"Yule tabibu wa sokoni amesemaje?"

"Ametia ruba, amekunywa chai, ameondoka," alisema Takuhi. "Ruba wameshiba, mtoto ni vile vile. Bibi, daktari yuko hapo. Hapo! Nikitupa kiatu kitamwangukia kichwani."

Daktari aliyemsema ni Reimers, daktari wa jeshi aliyekuwa akiishi kwa Warusi tangu masika yaliyopita. Mji mzima ulimjua. Mke wa mchukuzi akishindwa kujifungua, Reimers alikwenda. Ngamia akimvunja mtu mguu, Reimers alikwenda. Nyumba ambayo hakuwahi kuingia ni hii iliyo mkabala na dirisha lake.

Honoria aliteremka ngazi mbili mbili.

*

Ambrose alikuwa mezani kwake, kalamu mkononi. Karatasi tatu zilizokatwakatwa mistari zilikuwa sakafuni.

"Nimekwisha anza," alisema kabla hajaulizwa. "Namwandikia Balozi Obrezkov. Nusu saa tu."

"Mwite Hurshid avuke akamwite daktari kwa mdomo."

"Kwa mdomo haiwezekani, mpenzi wangu. Mlinzi wangu akienda mlangoni kwao kuomba jambo kwa niaba yangu, maana yake mimi ndiye niliyetangulia. Nikiandika kama mwenye cheo kwa mwenye cheo mwenzake, hiyo si ziara. Tatizo ni neno. Nikisema 'naomba', nitakuwa nimeomba. Nikisema 'ningefurahi', nitaonekana nafanya mzaha."

"Sema mtoto anakufa."

"Usipandishe sauti, Honoria. Hurshid yuko mlangoni."

"Na asikie! Mwenye masikio na asikie."

Wino ulikuwa umemdondokea Ambrose kwenye mkono wa shati. Hakuwa mtu mbaya. Hilo ndilo lililomchoma Honoria kuliko yote. Angekuwa na mume katili angejua pa kuishikia hasira yake. Huyu alimpenda mwanawe, macho yake yalikuwa mekundu kwa kukesha, na bado alikuwa amekaa pale akitafuta neno.

"Unadhani simpendi?" aliuliza.

"Sijasema humpendi. Nimesema inuka."

"Mwaka jana wao wenyewe tuliwataka waandike, wakaandika. Leo nikienda hivi hivi, watasema sheria ile tuliitunga kwa ajili yao tu."

Honoria alishika ukingo wa meza. Mwaka jana. Kwa hiyo na yeye Ambrose alikuwa akiufikiria.

Mwaka jana, katikati ya theluji kama hii, tabibu mmoja kutoka Scotland aliyekuwa akielekea Uajemi alikwama Erzurum, njia zikiwa zimefungwa, wakampa chumba. Alasiri moja walikuwa wanacheza karata mlinzi wa Warusi alipofika amejaa theluji hadi magotini. Mtoto wa balozi wake anaumwa sana, alisema, wanaomba daktari. Ambrose alijibu kwa upole mkubwa kwamba angefurahi kusaidia, mradi ombi lije kwa maandishi, kati ya ubalozi na ubalozi. Mlinzi akarudi. Barua ikaja jioni. Ikajibiwa. Tabibu alivuka asubuhi, akakuta seremala anapima jeneza.

Na Honoria alikuwepo. Alikuwa amesimama pale pale sebuleni na birika la chai mkononi, akasikia kila neno, na mlinzi alipofunga mlango alimgeukia tabibu akamuuliza kama anataka maziwa. Kijeneza kilipopita kichochoroni alikitazama nyuma ya pazia. Pole hakupeleka, kwa sababu mtu utampelekeaje pole na hamjatambulishana?

"Unakwenda wapi?" aliuliza Ambrose.

Honoria alitoka kama alivyo, viatu vya ndani miguuni, shali ya Takuhi mabegani.

*

Mlinzi wa Warusi alimfungulia, akamtazama juu chini, akasahau kusalimu. Alimwingiza hadi sebuleni kwa sababu hakujua afanye nini kingine. Zinaida Obrezkova, mke wa balozi wa Urusi, alikuwa ameketi karibu na jiko, mwanamke mrefu mwenye mashavu yaliyokonda, amevaa nguo nyeusi. Mwaka mzima hakuwa amezivua.

"Madam," alisema kwa Kifaransa, bila kuinuka. "Sikuletewa kadi."

"Sina kadi. Mtoto wangu ana dondakoo. Nakuomba daktari wako."

Zinaida alipiga kengele ndogo, mtumishi akaja, akamwambia maneno machache ya Kirusi, makali, na mtumishi akatoka mbio. Honoria hakuelewa hata moja. Alidhani anafukuzwa.

"Nitapiga magoti ukitaka," alisema.

"Nataka ukae."

"Siwezi kukaa."

"Basi simama. Reimers anavaa viatu vyake. Ulidhani nini? Ulidhani nitakuuliza nani alipaswa kutangulia?" Sauti yake ilianza kupanda. "Ulidhani mimi ni ninyi?"

Zinaida aliinuka akaenda dirishani.

"Njoo hapa dirishani. Njoo, anavaa viatu nimekwambia, hatachelewa. Unaona? Ile ni sebule yako. Mnawasha taa mapema, mapazia hamfungi. Siku ile nilisimama hapa. Nilimwona tabibu wenu anatupa karata. Nilimwona mlinzi wangu anaingia, nikamwona anatoka peke yake. Nilikuona wewe na birika. Nikasema moyoni, yule ni mama, yule ataliweka chini lile birika. Wewe ukamimina."

Huko kwenye korido nyayo nzito zilisikika, na mtu akikohoa.

"Daktari nimempa mtoto," alisema Zinaida. "Wewe sijakupa kitu. Na asante yako usiniletee, sitaipokea. Nenda."

*

Reimers alikuwa mzee mfupi mwenye mkoba mkubwa, akavuka kichochoro kwa hatua ndefu kuliko miguu yake. Ambrose aliwakuta ukumbini. Alikuwa amevaa koti lake, vifungo vyote vimefungwa, na mkononi ana karatasi.

"Bwana Daktari, karibu sana, nakushukuru. Kabla hujapanda, ni sentensi mbili tu. Ni taarifa kwamba kuja kwako hapa hakuhesabiwi kuwa ziara kwa upande wowote, wala hakutatumiwa baadaye kama..."

"Nitasoma nikimaliza. Mtoto yuko wapi?"

"Ni sentensi mbili," alisema tena Ambrose, na alikuwa amesimama katikati ya njia, hata mwenyewe hajui kwamba ameiziba ngazi.

Honoria aliinyakua karatasi. Alitaka kusema kitu kikubwa ambacho Ambrose angekikumbuka hadi kaburini, lakini hakikuja, akamsukuma tu kwa kiganja kifuani, kwa nguvu, akampisha daktari. Takuhi alikuwa juu ya ngazi. Alimshika Reimers mkono wa koti akamvuta kama anayevuta mbuzi zizini. Nyuma yao, Hurshid mlinzi aliyaona yote, na tangu siku ile hakumtazama tena bwana wake usoni kama zamani.

Dora alikuwa ameshabadilika rangi midomoni. Reimers alimlaza mezani, akamwambia Takuhi amshike miguu na mama amshike kichwa, akamtoboa koo chini ya kikoromeo, akapachika kibomba cha fedha. Damu iliruka. Kisha hewa ikaingia kwa mluzi mdogo, ikatoka, ikaingia tena, na mtoto akafumbua macho. Hakuweza kulia kwa sababu sauti haikuwa na njia. Alifungua tu mdomo na machozi yakamtiririka.

"Anapumua," alisema Reimers. "Wiki mbaya bado iko mbele. Lakini anapumua."

Takuhi alikaa sakafuni hapo hapo akaanza kusali kwa lugha ya kwao. Honoria alilaza kichwa juu ya meza karibu na mwanawe, akausikiliza ule mluzi.

*

Reimers alikuja kila siku, asubuhi na jioni. Homa ilishuka. Dora alikunywa supu kijiko kimoja, kesho yake bakuli. Siku kibomba kilipotolewa na sauti ya kwanza ikatoka, nzito kama ya mzee, neno lenyewe lilikuwa "Sitaki," na watu wazima waliokuwa chumbani wakacheka hadi wakalia.

Asubuhi iliyofuata Ambrose aliteremka kwenye kifungua kinywa amenyoa ndevu vizuri. Alipaka siagi kwenye mkate wake hadi pembeni.

"Nimepeleka taarifa kwa wakubwa," alisema. "Tarishi ameondoka alfajiri. Fikiria, Honoria: Reimers ni mtu wa ubalozi wao. Ameingia kwa mlango wetu mkuu, mchana, na koti lake la jeshi, si mara moja, kila siku. Hiyo ukiitazama vizuri ni ziara. Wao ndio waliotangulia. Mambo yamejimaliza yenyewe, na heshima yetu iko pale pale."

Honoria aliweka kijiko chini.

"Mimi ndiye niliyetangulia. Nilikwenda kwao."

"Ulikwenda mlangoni."

"Niliingia sebuleni. Nilisimama karibu na jiko."

"Ulisimama. Hukukaa. Wala hukuwa na kadi. Ziara ambayo mtu hakuketi wala hakutoa kadi si ziara, muulize yeyote. Na ile theluji, hakuna aliyekuona." Aliupapasa mkono wake. "Nakuomba jambo moja tu. Mtu akikuuliza, uliishia mlangoni. Ni neno dogo."

Honoria alimtazama mume wake akitafuna. Mara ya kwanza aliponyamaza, mtoto wa watu alikufa. Sasa wa kwake amepona, na anaombwa anyamaze tena, ili kupona kwake kuhesabiwe kuwa ushindi wa ofisi. Hasira ilimpanda kutoka miguuni, safi, haina majuto ndani yake. Nayo haikuwa juu ya Ambrose peke yake. Alijijua alikuwa stadi wa ule unyamavu kuliko yeye. Ambrose alihitaji karatasi na wino. Yeye alihitaji birika tu.

"Maliza mkate wako," alisema.

Alipanda chumbani, akavaa gauni lake la kutembelea, lile la hariri ya kijani, na kofia yake, na glavu. Akatoa kadi zake kwenye kisanduku. Alingoja hadi adhuhuri, watu walipokuwa wakimiminika kwenda msikitini na muuza mikate amejiweka mdomoni mwa kichochoro. Kisha akatoka kwa mlango mkuu, peke yake, bila Hurshid wa kumtangulia, akavuka, akagonga kwa nguvu.

"Mwambie bibi yako," alisema kwa Kituruki chake kibovu, kwa sauti ambayo hata muuza mikate aliisikia, "mke wa balozi wa Waingereza amekuja kumtembelea. Mwambie nimekuja wa kwanza."

Mlinzi aliingia, akatoka.

"Bibi hayupo nyumbani."

Juu, pazia lilitikisika. Honoria aliacha kadi yake, kona moja imekunjwa kama inavyokunjwa mtu akija mwenyewe, akarudi kwake.

Kesho yake akaenda tena, saa ile ile. Bibi hayupo. Keshokutwa yake, vile vile. Siku ya nne muuza mikate alikuwa amezoea.

"Leo yupo, bibi," alimwambia. "Nimemuuzia mikate miwili sasa hivi, ya moto. Usikubali."

"Kama hayupo, hayupo," alisema Honoria.

Ambrose aliyasikia mambo hayo kwa Pasha mwenyewe, mtawala wa mji, katikati ya chakula, mbele ya wageni, na Pasha alikuwa akitabasamu. Alirudi nyumbani uso umemwiva.

"Umetufanya kichekesho! Mke wa balozi wa Malkia anafukuzwa mlangoni kwa Warusi kama muuza mayai!"

"Sifukuzwi. Naambiwa hayupo. Hata sisi ndivyo tunavyosema."

"Na ile taarifa niliyopeleka? Wakubwa wakisikia nitaonekana mwongo."

"Andika nyingine. Kalamu unayo."

"Utakwenda hata lini?"

"Hadi awepo."

Ambrose aliona kwamba hakuna neno la kutafuta, akaingia ofisini kwake akafunga mlango. Tangu hapo walikula meza moja na kuulizana habari za mtoto, basi.

*

Mlango wa Warusi ulipofunguliwa hatimaye, aliyefungua hakuwa mlinzi. Zinaida Obrezkova alikuwa amesimama mwenyewe, shali nyeusi mabegani, na kadi zote mkononi.

"Nilikwambia usiniletee asante."

"Sijaleta asante."

"Umeleta nini?"

"Nimekuja kumpa pole mama aliyefiwa."

"Leo?" Zinaida alicheka kicheko kibaya. "Mwaka mzima. Umetoka Uingereza kwa miguu?"

"Nimechelewa."

"Umechelewa! Ulikuwa na birika mkononi."

"Ndiyo. Nilimsikia mlinzi wako, na nilimsikia mume wangu. Nilijua tabibu angeweza kuvuka dakika ile ile, viatu alikuwa navyo miguuni. Sikusema kitu. Nilimuuliza kama anataka maziwa."

Alikuwa amejiandaa kusema zaidi, kwamba ilikuwa amri, kwamba wanawake wa mabalozi hawaulizwi. Yote hayo alikuwa ameyapanga usiku na mchana. Alipouona ule uso aliyaacha.

Watu walikuwa wamesimama kichochoroni. Zinaida aliwaona, akamvuta ndani kwa mkono, kwa nguvu iliyoumiza, akafunga mlango. Hakumwambia akae. Hakumwambia avue kofia. Walisimama ukumbini wakitazamana.

"Kostya," alisema. "Jina lake. Hukuwahi kuuliza."

"Kostya," alisema Honoria.

"Usilitaje. Bado." Alivuta pumzi. "Alikuwa na askari wa bati. Kila asubuhi alikuwa akiwapanga dirishani, siyo kwa kutazama ndani, kwa kutazama nje. Nikamuuliza, kwa nini wametupa mgongo? Akasema, si kwa ajili yetu, ni wa kumwonyesha yule msichana. Na yule msichana alikuwa akileta mwanasesere wake dirishani kwenu, anamwinamisha kichwa kuwasalimu askari. Majira yale ya baridi, hadi alipougua. Wewe hukujua?"

Honoria alitikisa kichwa. Chumba cha Dora alikiingia kila siku. Dirisha lile alilifuta mvuke kwa mkono wake mwenyewe.

"Nani kati yao alianza, sijui," alisema Zinaida. "Sikuona haja ya kuuliza." Aliziweka zile kadi juu ya meza ya ukumbini, bila kuzitazama. "Sasa nenda kwako. Mtoto akipata nguvu ya kutoka nje, mlete. Atachagua askari anaowataka. Wewe utakaa pale kwenye kile kiti, na hutasema kitu."